Mumunye Lililongoja Jumamosi

Jumatatu asubuhi, kabla maua hayajafumba, Shangazi alichuchumaa bustanini nyuma ya jiko akapima mumunye kwa mkono wake. Toka ncha ya kidole gumba hadi ncha ya kidole cha mwisho: shibiri kamili. Ganda liling'aa, na ukucha ulizama bila kubembelezwa. Likiachwa hadi kesho lingepitiliza, mbegu zingekomaa, na mmea, ukidhani kazi yake imekwisha, ungeacha kuzaa.

Akaenda kumwomba mama yake kisu.

"Ngoja kaka yako aje alione," mama alisema, macho yakiwa kwenye mchele aliokuwa akiupeta.

Tangu baba yao afariki, hakuna kilichokatwa katika nyumba ile kabla Kaka hajakiona, iwe kitambaa cha pazia au nywele za mtoto. Kaka alifanya kazi mji mwingine na alikuja Jumamosi. Watoto wake walilelewa hapo, ndiyo maana hata mama alimwita bintiye Shangazi. Miaka tisa nyuma alikuja mchumba wa Shangazi, fundi saa mwenye adabu zake. Kaka alisema bado kidogo. Fundi saa alingoja Jumamosi kumi na nne, akaenda kuoa kwingine.

Safari hii kulikuwa na barua juu ya kabati. Shamba la miche la ng'ambo ya mji lilimtaka Shangazi awe msimamizi, na jibu lilitakiwa kabla ya Ijumaa saa kumi na moja jioni.

"Ukijibu bila yeye," mama alikuwa amemwambia, "utakuwa umemzika baba yako mara ya pili."

Jumanne mumunye lilifika urefu wa mkono mzima. Jumatano liliingia jikoni kwa mlango wa nyuma, polepole, kama mgeni aliyewahi kulala hapo, na mama akalisogezea jiko pembeni. Alhamisi lilijipenyeza chini ya msingi, na kufikia adhuhuri lilikuwa limeinua nyumba nzima juu kuliko nguzo za umeme. Hakuna kikombe kilichovunjika. Mshonaji wa jirani aliazima ngazi ya wapaka rangi, akapanda kuleta gauni la mama lililokuwa tayari.

"Mmepata hewa huku," alisema, akihema. "Lakini Shangazi, si ungelikata tu siku ile?"

"Kisu anacho mama."

"Na hiyo barua? Nayo inajibiwa kwa kisu?"

Shangazi alimpa maji ya kunywa.

Ijumaa, ua lililobaki kwenye ncha ya mumunye lilifunguka upya, pana kuliko uwanja wa mpira. Mwanga wake wa manjano ulitanda mtaani, juu ya mabati na kamba za nguo, na watu wakavua kofia wakatazama juu. Nyuki walikuja kwa maelfu bila kumuuma mtu. Chini ya sakafu maji yalisikika yakipanda ndani ya mumunye, kwa sauti nzito na ya upole, na watoto wa Kaka walilaza mashavu yao pale chini wakasikiliza mpaka chakula kikapoa.

Toka dirishani Shangazi aliuona mji hadi ulipoishia. Aliliona shamba la miche, mistari yake na lango lake. Aliichukua barua juu ya kabati, akairudisha. Saa kumi na moja alimwona mlinzi akifunga lango.

Jumamosi Kaka alipanda ngazi na mkoba wake, akapangusa viatu mlangoni, akala. Kisha akaligonga mumunye kwa vifundo vya vidole.

"Bado kidogo," alisema. "Tuliache mpaka wiki ijayo."

Barua aliisoma mara mbili. Akasema ni jambo zuri, la kufikiriwa bila pupa. Mama alimwongezea chai.

Shangazi alishuka kumwagilia. Mmea ulikuwa umeacha kuzaa, isipokuwa nyuma ya jani moja, ambako kimumunye cha urefu wa kidole kilikuwa bado kimeshika ua lake. Alikipima.

"Kuna jingine huko?" mama aliuliza toka juu, dirishani.

"Lipo moja. Litakuwa tayari Jumanne."

"Haya," mama alisema. "Basi Jumamosi."

Shangazi akajaza ndoo, akamwagilia.