Nusu Siku ya Tata Satuko

Mama alinivuta sikio kabla jua halijachomoza, na mimi ni mtu mzima mwenye kitambulisho na kofia ya kazi.

"Edilberto, nisikilize. Leo usilete vichekesho vyako."

"Mama, mimi naongoza watalii. Bila vichekesho wanasinzia."

"Leo huna mtalii. Una Tata Satuko. Anza jua likichomoza, maliza likizama. Ukimrudisha mapema, siku haihesabiki. Na ule atakachokupa. Hata akikupa jiwe, tafuna, useme tamu."

Siku yenyewe tuliyokuwa tunaizungumzia ilikuwa na umri wangu, miaka kumi na tisa. Mama alishikwa na uchungu wakati baba yuko mgodini, gari hakuna, na kulizunguka ziwa la Umayo hadi barabarani ni mwendo wa nusu siku kwa mwenye miguu, achilia mbali mwenye mimba. Jirani yetu Tata Satuko, yaani Baba Satuko, alikuwa shambani anachimba viazi. Akatupa jembe, akampakia mama mtumbwini, akapiga kasia kuelekea zahanati ng'ambo. Mimi sikuwa na subira ya kungoja zahanati. Nikatokea katikati ya ziwa, na ndiyo maana kijiji kizima kinaniita Bata.

Sasa, huku kwetu siku ya mtu hurudishwa kwa siku. Ukinichimbia leo, nitakuchimbia kesho. Ndiyo ayni, na asiyerudisha, hata mbwa humwitikia salamu shingo upande. Mama alijaribu kuirudisha ile siku miaka yote. Akienda kumpalilia, Tata Satuko anasema amekwisha palilia. Akienda kumwezekea, anasema paa lake halivuji, huku ndoo iko chini ya tundu inalia ti, ti, ti. Mama alikuwa akirudi nyumbani amevimba kama mkate.

Halafu mwezi wa pili mke wa Tata Satuko akafariki, na binti yake akasema baba hawezi kubaki peke yake na ng'ombe wawili na upepo. Jumatatu anahamia Arequipa. Mama akaenda kukaa mlangoni kwake. Akamwambia hatoki hapo mpaka atajiwe kazi, yoyote ile. Mzee akafikiri, akakuna kidevu.

"Basi huyo Bata wako anipeleke kule juu kwenye minara. Kama anavyowapeleka wale wageni waliobabuka na jua. Na bendera aje nayo."

Amezaliwa chini ya kilima cha Sillustani, amechunga chini yake, amezeeka chini yake, na hajawahi kupanda. Utotoni aliambiwa pumzi ya wale wa kale waliozikwa minarani huingia mifupani. Ukubwani, anasema, ng'ombe hawakumpa likizo.

Kwa hiyo jua linachomoza nikawa mlangoni kwake, kofia kichwani, bendera ya njano mkononi, begi mgongoni.

"Kikundi, mko tayari?" nikapaza sauti.

Kikundi kilikuwa kinafunga kamba ya suruali. "Mbona hukuniuliza natoka nchi gani? Wale huwa unawauliza."

"Bwana mgeni, unatoka nchi gani?"

"Ile." Akaonyesha mlango wake, hatua tatu nyuma yake. "Ni mbali sana. Nimechoka na safari."

Tulipanda polepole. Upepo wa Agosti ulikuwa unang'oa hata mawazo. Kwenye mnara wa kwanza nikasafisha koo na kuanza hotuba yangu, ile iliyonipa maksi tisini kwenye mtihani.

"Upande wako wa kushoto, bwana, utaona—"

"Ng'ombe wa Sabina. Ameingia tena kwenye shayiri ya watu."

"—utaona minara ya makaburi, ambamo watu wakubwa walizikwa wakiwa wamekunja magoti, kama watoto tumboni. Mlango ni huo mdogo, unatazama jua linakotoka."

Mzee akainama akatazama tundu, ambalo kondoo angepita kwa shida. Hakuingia. Akatoa majani matatu ya koka, akayapanga kama kadi, akayapulizia kuelekea mlangoni.

"Wazee, msitupulizie. Tunapita tu. Huyu mwenye bendera ni mtoto wa Leocadia, kelele zake mzizoee."

Kwenye mnara mkubwa, ule uliobomoka upande mmoja, nikamwonyesha mjusi aliyechongwa kwenye jiwe. Nikamweleza jinsi mawe yalivyochongwa yakakaa pamoja hata kisu hakipenyi. Akapitisha kidole kwenye kiungo, taratibu, kama mtu anayetafuta kidonda cha mnyama.

"Waliofanya hii kazi," akasema, "walilishwa vizuri."

Ningepaswa kuyashika maneno hayo. Sikuyashika. Nilikuwa nafikiria utani mwingine.

Jua lilipofika utosini tukajikinga na upepo nyuma ya ukuta, ziwa liko chini yetu lote, na kisiwa chake bapa kama meza iliyosahaulika. Nikafungua begi. Nikatandika kitambaa, nikapanga samaki wa kukaanga, jibini, mahindi ya kuchemsha na mayai manne. Ndivyo ninavyofanya kila Jumamosi: mwongozaji ndiye anayebeba chakula cha wageni. Mikono ilifanya kazi yenyewe, kichwa kikiwa kinapiga mluzi.

"Karibu, bwana mgeni. Chakula kimo ndani ya safari."

Tata Satuko akakitazama kitambaa. Akanitazama mimi. Akachukua samaki, akamla upesi, mifupa na yote, akapiga na yai moja juu yake. Alitafuna kwanza, akacheka baadaye.

"Bata," akasema akijifuta masharubu, "kwenye kazi, nani humlisha nani?"

Yai likanikwama.

Kila mtoto wa huku analijua hilo kabla hajajua kuhesabu. Mwenye kazi humlisha mfanyakazi. Anayekuja kunichimbia, mimi ndiye nampikia. Nisipompikia, siku yake haikuingia kwangu. Mimi nilikuja kumfanyia kazi Tata Satuko, kisha nikamlisha mimi. Kwa hiyo mwenye kazi alikuwa nani? Mimi. Na mfanyakazi?

"Nimekupandia kilima chako tangu asubuhi," akasema. "Magoti yananiuma. Zamani mlikuwa na siku yangu moja. Sasa mnazo mbili."

"Tata, tafadhali! Mama ataniua. Atanizika humu, magoti nimekunja."

"Mlango huo hapo, unakutosha."

Ndipo nilipoona kitu. Chini ya poncho yake, lile blanketi la kuvaa, palikuwa na kifurushi cha kitambaa cha mistari, kimefungwa vizuri, na mafuta hayakukigusa. Mzee alikuwa amekuja na chakula. Alikificha asubuhi nzima akaacha nitandike, nipange, nikaribishe. Nikakusanya maganda ya mayai, nikafunga begi.

Niliteremka ziwani nikiwa na tumaini moja: jua lilikuwa bado juu, siku haijaisha. Nikaazima mtumbwi wa binamu yangu, nikamketisha mzee mbele, nikashika makasia. Kazi ni kazi, nikajiambia. Labda jasho litafuta samaki.

"Upande wako wa kulia, bwana," nikaanza, lakini hotuba ilikuwa imekauka.

"Wacha nikuongoze mimi," akasema. Akaichukua bendera yangu, akainyoosha. "Kikundi, tazameni mbele. Unaliona lile jabali jeupe? Nyoosha mstari kutoka hapo mpaka kwenye ncha ya kisiwa. Hapo. Piga kasia mpaka hapo."

Nilipiga kasia mpaka hapo. Maji yalikuwa maji tu, bluu ya kuumiza macho, na bata wawili weusi ambao sitawasema.

"Hapa ndipo mama yako aliponiambia nigeuke nisitazame. Nikageuka. Kisha akaniambia nigeukie huku nishike. Sasa, mtu anageuka vipi mara mbili ndani ya mtumbwi bila kuupindua? Ulitoka wa bluu kama maji yenyewe. Hulii. Nikakufyonza maji ya puani, nikakuweka ndani ya shati langu, kifuani, nikapiga kasia kwa mikono na kukupulizia kwa mdomo. Kasia, puliza. Kasia, puliza. Karibu na matete ukalia. Tangu siku hiyo hujanyamaza."

Hilo la kutolia sikuwahi kuambiwa. Mama husema nilizaliwa ziwani, basi, kama mtu anavyosema alizaliwa Jumanne.

"Na viazi?" nikauliza. "Ulivyoacha shambani?"

"Baridi ya usiku ilivipata vyote. Kiazi kikishaganda, utakifanya nini tena? Tukavikanyaga, tukavikausha, vikawa chuño vyote. Mwaka mzima, asubuhi chuño, jioni chuño. Mke wangu alikuwa akikuona unapita na nepi anasema, 'Lile pale gunia letu la viazi linatembea.'"

Alicheka mpaka mtumbwi ukayumba. Mimi nilishindwa kucheka. Nikaacha makasia.

"Tata, mimi—"

"Piga kasia wewe. Upepo unatusukuma kwenye matete."

"Nataka kusema asante."

"Asante haijazi gunia."

"Najua. Lakini nasema. Na nakuomba uichukue hii siku. Mama amekonda kwa ajili yake. Kwa nini hutaki kurudishiwa?"

Akaikunja bendera magotini, polepole.

"Jumatatu napanda basi," akasema. "Kule Arequipa simdai mtu, na hakuna anayenidai. Binti yangu ana jiko la gesi. Hata kuni hatanituma. Nikilipwa na huku pia, Bata, niambie, mtu asiyedai wala kudaiwa na yeyote anaitwaje?"

"Maiti," nikasema, maana mdomo wangu hauna mlango.

"Hata maiti wana deni! Wale wa kule juu bado tunawadai mvua." Akatikisa kichwa. "Ile siku yangu kwenu ndiyo kamba yangu. Nikaona, ukinipeleka tu bila mimi kukulisha, haitakatika. Kisha wewe mwenyewe ukaleta samaki. Nikasema, Mungu ana akili."

Sasa nikawaza. Upande mmoja mama, ambaye asingelala vizuri tena. Upande mwingine mzee aliyenipulizia uhai, anaomba tu asilipwe. Na mimi katikati ya ziwa, mahali pangu pa kawaida pa kuleta matatizo.

"Tata," nikasema, "fungua hicho kifurushi."

"Kipi?"

"Hicho unachokiatamia tangu asubuhi."

Akakitoa kwa aibu ya mtoto. Ndani mlikuwa na chuño kimoja tu cha kuchemsha, cheusi, kimekunjamana kama uso wake.

"Kwa nini kimoja?"

"Tangu mke wangu afariki, sijui kupimia watu wawili."

"Usinipe chote," nikasema. "Nipe nusu. Nusu chakula, nusu siku."

Alinitazama. Niliona jambo likimwingia, kwanza jicho moja, kisha la pili. Akakivunja kile chuño kwa vidole gumba, akakipima, akakivunja tena kidogo ili kusiwe na dhuluma, akanipa nusu. Ilikuwa ya baridi, ngumu, ina ladha ya udongo na ya mfuko wa poncho.

"Tamu," nikasema.

"Mwongo."

"Tamu sana, Tata."

Tulikaa pale mpaka jua likagusa vilima, tukitafuna. Lilipozama ndipo nikagonga ufukwe. Mama alikuwa amesimama kwenye matete, shali kifuani, hata salamu hakutoa.

"Imelipwa?"

"Nusu," nikasema, nikarudi hatua moja nyuma, ndani ya maji.

"Nusu! Edilberto, nusu ipi?"

"Ya asubuhi," akasema Tata Satuko, akishuka kwa kushika bega langu. "Ya alasiri bado unayo, Leocadia. Nitaifuata mwezi wa tano, wakati wa viazi. Lakini basi la kutoka Arequipa ni mwendo wa saa sita, na mtu hasafiri saa sita kwa ajili ya nusu siku. Nitakaa wiki."

Mama alimtazama yeye, akanitazama mimi, akaona makombo meusi kidevuni mwangu. Mama si mjinga. Alivuta pumzi ndefu puani.

"Wiki?" akasema. "Nani kakuambia wiki? Viazi vyangu ni wiki tatu, na mwaka huu naongeza lile shamba la juu. Usije na mikono ya mjini."

Akamshika mkono, wakaanza kupanda njia taratibu, wakigombana kuhusu nani atapika. Mimi nikabaki nyuma kufunga mtumbwi, miguu imelowa, bendera nimeishika kwa meno.