Meno ya Lodu

Tulikuwa tumefika kwenye sikio la kushoto. Cirillo alisoma mstari wa jana, "Sikio la kushoto lina kovu, upana wa punje ya mtama," kisha akatutazama mmoja mmoja.

"Ndivyo," alisema Natalina.

"Ndivyo," alisema Kiden. "Mimi ndiye niliyemrushia kigae. Aliniibia karanga."

"Ndivyo," nikasema mimi, nikaweka alama ya pili pembeni mwa daftari.

Tuliyekuwa tukimwandika ni Lodu, mume wa Natalina, kaka yake Kiden, binamu yangu. Alipotea Juba mwaka wa sitini na tano, siku watu walipoukimbia mji. Sisi tulivuka hadi Uganda, yeye hakuonekana tena. Sasa ulikuwa mwaka wa sabini na nne. Tulikuwa tumerudi, na tulikutana kila siku saa kumi nyumbani kwa Natalina, mtaa wa Juba Na Bari.

Cirillo tulimpata kambini kule Uganda. Ni Mmadi, alikuwa mwalimu wa watoto, na kwa kuwa hajui Kibari, lugha yetu, tulizungumza naye Kiswahili. Mafundisho yake aliyaita Mkazo. Alisema dunia haisimami yenyewe, inashikiliwa na watu wanaoiwaza kwa namna moja. Watu wakitawanyika, vitu hulegea. Lakini wanaokijua kitu wakikiwaza sawasawa siku tatu mfululizo, bila tofauti hata moja, kitarudi mahali pake.

Mimi ni seremala wa kujifunza mwenyewe, na siamini kitu kabla ya kukipima. Tulianza na jiwe la kusagia la mama yake Kiden, lililopotea. Siku ya tatu tulilikuta nyuma ya jiko, na ufa wake. Niliupima ule ufa kwa kamba. Ulikuwa kama tulivyouandika. Tangu hapo nikakubali kuwa mwandishi wa daftari.

Kwa Lodu, hii ilikuwa siku ya pili. Mkazo unataka kinachowazwa kiachiwe nafasi, kwa hiyo jana Natalina aliweka kigoda uani, na juu yake sahani yenye hindi la kuchoma, akaifunika kwa kitambaa.

"Kiden, kaangalie sahani," alisema Cirillo.

Kiden alitoka, akakawia kidogo. Aliporudi alikuwa ameibeba kwa mikono miwili. Kitambaa kilikuwa juu yake, kimekunjwa mara nne. Chini yake palikuwa na gunzi.

"Labda panya," alisema.

"Panya wa kwenu hukunja nguo?" aliuliza Natalina. Hakucheka.

Nililichukua lile gunzi nikaenda nalo mlangoni penye mwanga. Punje zilikuwa zimeng'atwa safi, safu kwa safu, na kwenye gunzi zilibaki alama za meno, ya juu na ya chini. Niliweka kidole changu juu ya alama za chini. Zilikuwa nne, zimekaribiana. Ulimi wangu ukaenda wenyewe kwenye pengo langu.

Mimi na Lodu tuling'olewa meno manne ya mbele ya chini msimu mmoja, kama vijana wote wa Kibari wa rika letu. Lodu hakuwahi kung'ata hindi. Alilipukuchua kwa kidole gumba, na siku nyingine Natalina alimpukuchulia. Lakini kule Uganda watu walitucheka, tukajifunza kuzungumza mdomo umebana, na watoto wetu hatukuwang'oa meno. Tuliishi miaka kati ya vinywa vilivyojaa. Kwa hiyo jana Cirillo alipouliza, "Na meno?" Kiden alijibu, "Kamili," nasi tukasema ndivyo, na leo tena. Mimi ndiye niliyeandika.

"Tumekosea," nilisema. Nikafungua mdomo nikawaonyesha.

Kiden alijishika shavu. "Ee Mungu. Kweli."

"Mstari huo una alama mbili," alisema Cirillo taratibu. "Ukisema siyo, tunaufuta na kumwanza upya, kuanzia nywele. Na huyu aliyekwisha kukaribia, sijui ataenda wapi."

Nyuma ya ua wa matete mtu alikohoa. Hakuna aliyesimama. Jua lilikuwa bado kali, na kati ya matete niliona kitu kinaziba mwanga, kirefu, kimetulia.

"Shemeji," nilimwambia Natalina kwa sauti ndogo, "yule si Lodu."

"Nilijua tangu jana."

"Na ukasema ndivyo?"

Alikuwa akilitazama gunzi. "Lodu aliniambia nimsubiri pale kwenye kivuko. Nilisubiri mpaka adhuhuri, nikaondoka. Akirudi yeye, ataniuliza. Mwenye meno hana la kuniuliza. Atakula, atalala, nitakuwa na mume."

"Wifi," alisema Kiden, akasogea karibu naye.

Mimi pia niliondoka na kundi lile, na nilikuwa wa kwanza kusema twende.

Cirillo aliniuliza kama nifute au niache. Nikamwambia neno hilo ni la mke. Natalina aliingia jikoni akatoka na mahindi mawili ya moto. Moja aliliweka zima kwenye sahani, akalifunika. La pili alilishika mapajani, akaanza kulipukuchua kwa kidole gumba kama zamani, punje zikidondoka kwenye bakuli moja moja. Nyuma ya ua, kile kivuli kiliinama kidogo, kama mtu anayesikiliza.

Alipofika katikati kidole kilikuwa kimeanza kuvimba. Aliliweka hindi kando ya bakuli, nusu yake bado ina punje.

"Nitamalizia kesho," alisema. "Njooni saa kumi."

Nilifunga daftari bila kufuta, bila kuweka alama.