Rojo la Karanga la Mgonjwa

Siku ile mjinga nilikuwa mimi, na nalisema mapema ili shemeji yangu asipate raha ya kulisema kabla yangu.

Mama mkwe alikuwa kwetu, chumba cha mbele, tangu atoke hospitali. Homa ilikuwa imemwachia, ila iliondoka na hamu yake ya kula. Uji aliutazama mpaka ukaota ngozi. Supu aliinusa akageukia ukutani. Muuguzi aliyekuja kumpima akatuita kando, akatueleza bila kuzunguka kwamba asipokula chakula cha maana hadi kesho, atarudi wodini kutundikiwa dripu. Mama alisikia, maana masikio yake hayakuwahi kuugua. Akasema wodini harudi. Halafu, tulipokwisha kukata tamaa ya kumbembeleza, akasema labda angejaribu mishikaki ya kuku, ile ya vipande vidogo, na rojo la karanga la kuchovea, lakini lisiwe na pilipili hata chembe, kwa sababu homa ilikuwa imemwachia vidonda mdomoni.

Mke wangu anafua mashuka hotelini. Mchana anafua ya wageni, akirudi anafua ya mama yake, na katikati hapo sijui analala saa ngapi. Asubuhi iliyofuata, kabla ya kwenda kazini, alikaanga karanga kavu kwa moto mdogo, akazifikicha kwenye kitambaa, akapepeta maganda, akanikabidhi kopo. Akaniambia nipeleke kwa msagaji, nirudi, nisipige soga. Mimi fundi bomba, mgongo ulikuwa umenikatalia kuinama wiki ile, kwa hiyo kazi ya kubeba kopo ilinifaa.

Msagaji wa mtaani kwetu tunamwita Bwana Vumbi, kwa vile nyusi zake zimekuwa nyeupe kabla ya nywele. Ana sharti moja: konzi ya kwanza ya mzigo wako inapita mashineni kusafisha alichosaga aliyekutangulia, kisha inamwagwa kwenye ndoo ya kuku wake. Aliyenitangulia mimi alisaga pilipili kavu. Foleni nzima tulikuwa tunapiga chafya. Na bado, nilipoona mkono wa Bwana Vumbi unaingia kwenye kopo langu, nikaushika. Nikamwambia kuku wake wamenenepa kuliko wanangu, na leo hawatakula karanga za mgonjwa. Alijaribu kunieleza mara moja, kwa sauti ya mtu ambaye amekuwa akieleza tangu kumekucha. Nikamtania tena, watu wakacheka, nami nikicheka na watu huwa sisikii kingine. Akainua mabega, akamimina zote.

Mimi huyu huyu, ambaye nikimfungia mtu bomba jipya namwambia afungulie maji ya kwanza yaende zake, asiyanywe. Kila siku nawaambia. Sikuona kabisa kwamba ni jambo lile lile.

Nyumbani nilimkuta shemeji, dada mkubwa wa mke wangu, ameshakata nyama ya paja, ameitia limau na tangawizi, na vijiti ameviloweka visije vikaungua. Akachukua zile karanga zangu zilizosagwa, akaziyeyusha kwa maji ya moto, akazitia kwenye kitunguu, akakoroga, akaonja. Machozi ndiyo yalitangulia.

"Shemeji," akasema, "hizi karanga umezisagia motoni?"

Tukaanza kuokoa jahazi. Tukaongeza limau. Tukaongeza sukari. Tukaongeza maji, sufuria ikajaa, ukali ukabaki pale pale, sasa ukiwatosha watu wengi zaidi. Nikasema kosa ni la Bwana Vumbi. Shemeji akasema Bwana Vumbi anasaga nafaka, hasagi vichwa vigumu. Kwa kawaida ningemjibu, maana utani wetu hauna likizo, lakini nilitazama saa, nikatazama mlango wa kile chumba cha mbele, nikaendelea kukoroga.

Mke wangu akarudi, miguu imevimba, aproni ya kazini bado kiunoni. Akachovya kidole, akalamba, akaisogeza sufuria pembeni. Akatoa karanga mbichi zilizokuwa zimebaki kabatini, akabandika kikaango.

"Leteni kinu," akasema.

Kutwanga karanga mpaka zilainike ni kazi ya kukukosanisha na mkono wako. Kwanza ni vipande, halafu unga, halafu zinagandamana na mchi usitake kuinuka, na mafuta hayajitokezi mpaka uwe umeshaamini hayapo. Tulipokezana. Mgongo wangu ulinitukana kila pigo, nikaukubalia. Mke wangu alisinzia kwenye kigoda, kitambaa cha karanga mapajani, na vidole vyake vikaendelea kufikicha bila yeye.

Safari hii shemeji hakubanduka jikoni. Kitunguu kilikatwa kidogo kidogo kikaiva hadi kulegea, kisha kitunguu saumu, kisha karanga, na maji ya moto kijiko kwa kijiko, mwiko haupumziki, kwani karanga ukizipa kisogo zinashika chini. Chumvi, sukari kiduchu, limau mwishoni. Rojo lilikuwa na chengachenga, si laini kama la mashine. Tuliliangalia tukiwa tumechoka kiasi cha kutojali sura yake.

Mishikaki ikatoka kwenye mkaa, tukaipeleka chumba cha mbele. Mama akaketi kwa kusaidiwa, akachovya kipande, akatafuna. Sisi watatu tulisimama kama tunaosubiri majibu ya mtihani. Akameza. Akachovya kingine. Alipomaliza mshikaki wa kwanza na kunyoosha mkono kwa wa pili, mke wangu alijifuta uso kwa ncha ya aproni na kuegemea mlango.

Alipoushika wa tatu, shemeji akasema inatosha, tumbo lililolala siku zote hizo haliamshwi kwa kishindo, atatapika turudi tulikotoka. Nikasema muuguzi alitaka chakula cha maana, na hiki ndicho. Akaniambia tangu asubuhi nimekuwa bingwa wa kila kitu. Nikamwambia bingwa wa kutwanga hata yeye ameniona. Mke wangu, macho ameyafumba nusu, akapendekeza kingine kiwekwe mpaka jioni. Sauti zikapanda. Shemeji akanyoosha mkono kulichukua bakuli la rojo, akakuta limeshikwa.

"Siku zote hizi mmenisimamia kichwani mkinililia nile," mama akasema, huku anatafuna. "Leo nakula, mmeitisha kikao. Kifanyieni nje, na bakuli mniachie."