Jina la Kupeleka Uvira

Mpunga ukianza kukomaa hapa Usevya, mimi nashinda shambani naamia ndege, na mtu akinikanyagia shamba lazima nimpe maneno yake. Ndivyo nilivyompokea Athanasie.

"We binti, huna macho? Pita kwenye tuta huko!"

Akapiga magoti palepale kwenye tope. "Shikamoo, mama Pelagia. Mimi mdogo wake Lidia, mke wa Melkior. Natoka Uvira."

Kombeo likaniponyoka. Melkior ni mwanangu wa pekee. Alivuka ziwa kwenda Kongo kuuza mchele, akaoa hukohuko, kisha vita ikachacha na simu zikakatika. Kila dereva wa lori aliyetoka bandarini Karema nilimuuliza habari zake, sikupata jibu.

"Mwanangu mzima?"

"Nimetumwa neno moja, mama. Naomba kwanza nikae."

Nikamwingiza kibandani, nikampa uji, ndipo nikaiona miguu yake. Viatu alivuliwa kwenye kizuizi cha kwanza cha wapiganaji. Kwenye kizuizi cha pili walimpekua hadi kwenye nywele wakitafuta barua, nayo hakuwa nayo. Ujumbe aliuweka kichwani. Alilala kwenye shamba la mihogo risasi zikipita juu yake. Akavuka ziwa na wavuvi, akadandia malori mpaka kwangu. Binti wa miaka kumi na sita! Mimi nikienda Mpanda tu naaga majirani wote. Nilimtazama nikaogopa, kama mtu aliyejikuta peke yake kanisani.

Akaweka kikombe chini. "Dada amejifungua mtoto wa kiume. Anaomba ruhusa yako amwite Melkior."

Katika ukoo wetu, mtoto hapewi jina la baba yake wakati baba yuko hai. Lidia anajua. Nilimweleza mwenyewe kwenye simu zamani, tukacheka.

Nililia kwa sauti. Ndege wakashuka mpungani kundi zima, sikuwafukuza. Athanasie hakulia, alikaa akisubiri jibu langu.

"Kamwambie aitwe Melkior," nikasema.

Akalirudia jina kimyakimya, midomo ikicheza, kisha akainuka. Nikamshika mkono.

"Kaa, mwanangu. Miguu ipone kwanza."

"Mama, mpaka leo wanamwita 'mtoto' tu."

Nikavua ndala zangu, nikapiga magoti, nikamvalisha.