Hatua Fupi Mbele

Karani wa ofisi ya matembezi alimtazama Bibi kuanzia kilemba hadi raba, akarudi kwenye kilemba, kisha akamgeukia Kaa.

"Huyu ndiye mgeni wa sita?"

"Mgeni ni wewe," Bibi akamjibu kabla Kaa hajafungua kinywa. "Mimi nilikuwa kisiwani hapa kabla mti wa hiyo meza yako haujaota."

Karani akaandika upesi, asije akaongezewa.

Kaa alikuwa mjukuu wa Bibi, na mwongozaji. Jina hilo walimpachika wenzake kazini kwa sababu akiteremka mwambani hutembea upandeupande, naye akaliacha limshike. Miaka miwili alikuwa amefunga mkia wa misafara ya wengine. Leo, kwa mara ya kwanza, aliongoza mwenyewe, pwani nzima kutoka ofisini hadi Puani, wageni sita, na mmoja wao ndiye aliyemfundisha kutembea.

Pua ni rasi ya mwamba mweusi. Zamani, mlima ulipotapika moto, uji wake uliteremka hadi baharini, ukaganda hapo na kusimama wima kama ukuta. Ngazi za kuupanda ukuta huo zilichongwa na mume wa Bibi, mwongozaji wa kwanza wa njia ile, kwa nyundo na patasi, miaka kumi na mmoja. Vumbi la ngazi hizo Bibi alilifua kwenye mashati. Habari zake alizisikia mezani, akazisikia kitandani, hadi akatamani kuziba masikio. Lakini kuziona, hata siku moja. Kwanza walikuwa watoto, halafu cherehani, halafu nyonga. Sasa mzee alikuwa na mwaka wa tatu kaburini, na daktari alikuwa amesema mwezi ujao nyonga itapasuliwa itiwe chuma, na kuanzia hapo Bibi miamba aitazame kwenye picha.

"Basi nipeleke kabla sijawa chuma chakavu, mke mwenzangu," alimwambia Kaa. "Nikazione ngazi za mume wetu."

Siku zenyewe zilikuwa mbili tu. Kufika Puani lazima upite Kibarazani, jukwaa la mwamba bapa chini ya jabali, ambalo bahari hulifunua wakati wa bamvua peke yake, maji yanapokupwa mbali kabisa. Bamvua ya mwisho ya mwezi huo ilikuwa imebakiza leo na kesho.

Waongozaji wa njia ile wana sheria moja wanayoifahamu kuliko siku za kuzaliwa za watoto wao: hatua fupi mbele. Mwenye mwendo mdogo kuliko wote hukaa nyuma tu ya mwongozaji, na msafara mzima hufuata mguu wake. Kaa aliijua. Angeweza kuisema usingizini. Lakini asubuhi ile alipowapanga wageni wake mlangoni mwa ofisi, aliwaona maharusi waliovaa kofia za kufanana, akawaona ndugu wawili wakimbiaji wakirukaruka mahali pamoja kama maharage kwenye sufuria, akamwona Mwalimu mstaafu na fimbo zake mbili, na akamwona bwana harusi akiitazama nyonga ya Bibi, kisha saa yake.

Uso ukamwaka moto.

"Bibi, wewe ukae nyuma na Kufuli," akasema. "Huko utatembea unavyotaka, hakuna wa kukusukuma."

Kufuli ndiye aliyefunga mkia, mtu wa makamo mwenye ndevu za mvi na miaka ishirini kwenye njia ile. Alifungua mdomo. Kaa akamkata jicho. Kufuli akaufunga.

Bibi alimtazama mjukuu wake.

"Haya, kiongozi," akasema, akaenda nyuma.

Hakuwa amewahi kumwita kiongozi. Kaa alilisikia neno hilo likimgonga moyoni, ila msafara ulikuwa umeshaanza kwenda.

Mwanzo ulikuwa mzuri kupita kiasi. Njia ilipita kwenye mchanga mweusi uliokuwa bado baridi, ikakata vichaka, ikatokea juu ya mwamba wenye makali kama tupa ya seremala. Wakimbiaji walikanyaga visigino vya Kaa, naye akawapa walichotaka, akakaza mwendo. Kila baada ya nusu saa aligeuka na kuona nyuma msafara umeachana kama ushanga uliokatika uzi. Hapo husimama. Waliotangulia hukaa, hunywa maji, hupiga picha, bibi harusi humfuta bwana harusi jasho ambalo halipo. Kisha Bibi hutokea, mkono mmoja kwenye fimbo na mmoja kwenye bega la Kufuli, na akifika tu, wakimbiaji huinuka.

"Twendeni, wamefika!"

Walisimama hivyo mara tano. Wa mbele wakapumzika mara tano. Bibi hakupumzika hata mara moja.

Mwalimu mstaafu ndiye aliyelinong'ona jambo hilo, pale kituo cha tano. "Binti, hesabu yako haikai sawa. Wanaopumzika ni wale wasiochoka."

"Tunakaribia, Mwalimu."

"Sijauliza kama tunakaribia."

Mahali pa mwisho kabla ya Kibaraza pana jiwe lililopakwa chokaa, Jiwe la Kugeukia. Hapo sheria haina mdomo mrefu: msafara wote, hadi mtu wa mwisho, uwe umefika saa tatu na nusu. Ukichelewa, mnarudi. Kwenda Puani, kupanda na kurudi ni saa nzima, na saa nne na nusu bahari hurudi Kibarazani bila kubisha hodi.

Kaa alifika jiweni saa tatu na dakika ishirini. Maji yalikuwa mbali, Kibaraza kimekauka na kung'aa, na kule mbele ngazi zenyewe hazikuonekana kwa sababu Pua ilikuwa imewapa mgongo. Akageuka nyuma. Dakika kumi zikapita. Kumi na tano. Redio yake ikakoroma.

"Kaa, huku ni Kufuli. Mama amekaa chini. Anasema si nyonga, ni pumzi. Mimi nasema ni vyote."

Walipotokea ilikuwa saa nne kasorobo. Uso wa Bibi ulikuwa na rangi ya majivu, na kilemba kilikuwa kimeteleza hadi kwenye nyusi.

"Mwacheni hapa na Kufuli apumzike," bwana harusi akasema, si kwa ubaya. "Sisi tukimbie tukaone, tumchukue tukirudi."

"Tunaweza kwenda na kurudi kwa dakika ishirini," mkimbiaji mmoja akaunga mkono.

"Nendeni," Bibi akasema. Alisema bila kumtazama mtu. "Nendeni, mimi nitasimuliwa. Nimezoea kusimuliwa."

Kaa akatazama maji, akatazama saa. Kichwani alizijua hesabu zote: Kufuli akibaki, hakuna wa kufunga mkia Kibarazani. Mtu mmoja akiteleza huko mbele, hakuna wa kwenda kuita msaada na hakuna wa kukaa naye. Na zaidi ya hesabu hizo, kulikuwa na nyingine aliyokuwa akiikwepa tangu asubuhi.

"Tunarudi wote," akasema.

Zogo lililozuka, we acha tu. Bwana harusi akasema hawakusafiri kuja kutazama jiwe lenye chokaa. Bibi harusi akasema mume wake ana haraka tu, ndivyo alivyo. Wakimbiaji wakaguna.

"Kosa ni langu," Kaa akasema, na sauti ilimtoka kubwa kuliko alivyokusudia. "Sheria inasema mwenye hatua fupi akae mbele. Mimi nilimweka nyuma. Angekaa mbele tangu ofisini, tungefika hapa saa tatu, na pumzi zake kifuani. Kesho bamvua ipo bado, na maji yatachelewa karibu dakika hamsini kuliko leo. Anayetaka kurudi kesho, nitampeleka. Bila neno."

Wakimbiaji wakakaza kamba za viatu.

"Mama mkwe," Mwalimu akamwambia Bibi, ingawa hawakuwa na undugu wowote na umri wao ulikuwa mmoja, "tangulia basi, na sisi tujue tunakwenda wapi."

Bibi akatangulia. Alitembea hatua ishirini, akasimama, akashusha pumzi, akatembea ishirini nyingine. Na kwa kuwa hakuna aliyeweza kumpita, watu wakaanza kutazama. Bibi harusi akaona kaa wekundu kwenye ufa. Mkimbiaji mmoja akagundua tundu mwambani ambamo bahari ilipumua, akatia sikio, akamwita ndugu yake, wakainama wote wawili kama watoto kwenye chungu cha asali.

"Nyie mmeoana lini?" Bibi akawauliza maharusi bila kugeuka.

"Juma lililopita, Bibi."

"Na mnakimbia hivi? Mnamkimbia nani? Mkishakuwa na miaka arobaini ndani ya nyumba moja, hapo nitawaelewa."

Bwana harusi akacheka kuliko wote. Kaa peke yake hakucheka.

Alasiri, nyumbani, aliweka beseni la maji ya uvuguvugu mbele ya kiti cha Bibi, akatia chumvi, akapiga magoti na kumvua raba. Cherehani ilikuwa dirishani, imefunikwa shuka. Bibi alitia miguu majini na kufumba macho.

"Umenificha," akasema.

"Bibi, mimi nili..."

"Nyamaza, sijamaliza. Nilikuja nimevaa kilemba kipya. Nilitaka niseme njia nzima, yule pale mbele ni wangu, huyo. Nimemlea. Wewe ukanitia nyuma kama gunia la makaa, watu wasije wakajua limetoka gari gani."

Kaa alikuwa ameshika mguu wake majini. Hakuuachia.

"Niliona aibu," akasema. "Nilijidanganya kwamba nakuonea huruma. Yule bwana alitazama saa, nami nikaogopa atasema mwongozaji mpya kaja na bibi yake."

"Na ulikuwa umekuja na bibi yako."

"Nilikuwa nimekuja na bibi yangu."

Bibi alifumbua jicho moja. "Babu yako naye aliniogopa hivyohivyo. Kila nikisema nipeleke, anasema ngoja nimalize. Amemaliza, anasema ngoja jua lipoe. Miaka ikaenda." Akalifumba tena. "Kilichonipoza ni pale ulipowageuza. Ungeniacha jiweni ukaenda na wale, mke mwenzangu, tungepeana talaka."

"Wake wenza hawapeani talaka, Bibi."

"Tungekuwa wa kwanza. Sugua hapo kwenye kisigino."

Kesho yake karani alikuta watu watatu mlangoni: Bibi, Mwalimu mstaafu na bibi harusi. Bwana harusi, mkewe alieleza, alikuwa amelala kama gogo na miguu imejaa malengelenge. Wakimbiaji walikuwa wamepanda boti. Kufuli akakagua mstari, akamwona Bibi amesimama nyuma tu ya Kaa, akapiga mluzi mdogo wa kuridhika.

Walikwenda. Kaa alisikia fimbo ya Bibi nyuma yake, tak, tak, akaacha miguu yake iifuate sauti ile hadi akasahau kwamba kuna mwendo mwingine duniani. Kila hatua mia walisimama wote, wakanywa wote. Bibi alitaka kujua jina la kila kitu na kulipinga. Njia nzima aliwaambia watu walewale, "Huyu hapa mbele ni wangu," hadi Mwalimu akamwomba awape mtihani.

Walifika jiweni dakika ishirini na tano kabla ya saa yao. Kaa akatazama maji, akamtazama Bibi usoni, na rangi ilikuwepo.

"Twende?"

"Unaniuliza mimi? Ongoza!"

Kibarazani alimshika mkono, kwa sababu kulikuwa na mwani unaoteleza, na Bibi hakuukataa. Wakaizunguka Pua. Ngazi zikatokea.

Kaa alikuwa amezipanda mara mia. Aliwahi kuzieleza kwa wageni wa kila aina, lakini hakuwahi kuziangalia kwa macho ya mtu aliyezingojea. Zilikwenda juu kwenye ukuta mweusi kwa kupindapinda, nyingine pana, nyingine nyembamba, moja imelala upande kabisa kama mlevi, na alama za patasi bado zikionekana kwenye kingo.

Bibi alisimama chini yake. Midomo yake ilikuwa ikicheza. Kaa akadhani anaomba dua.

"Arobaini na moja," Bibi akasema.

"Nini?"

"Arobaini na moja! Mimi aliniambia mia na kumi. Mia na kumi, zimenyooka kama rula, hata daraja moja halijapinda. Miaka kumi na mmoja nampikia mtu wa ngazi mia na kumi!" Akaigonga ile iliyolala upande kwa fimbo. "Na hii je? Hii aliichonga siku tuliyonuniana, naapa. Mtazame alivyokuwa na hasira, masikini."

Bibi harusi alikuwa ameziba mdomo kwa mikono miwili. Mwalimu aligeukia bahari, mabega yakimtikisika.

Bibi akapanda moja, mbili, tatu, mkono wake ukipapasa ukuta polepole, penye alama zile. Kwenye ya nne akageuka, akakaa, akatandaza gauni lake vizuri kama mtu aliyekaribishwa sebuleni.

"Huendi juu, Bibi? Juu unaliona bonde moto ulikotokea, wageni wote hupenda..."

"Bonde si lake. Tuna muda gani?"

Kaa akatazama maji. "Dakika ishirini."

"Basi wapeleke wenzako wakalione. Mimi niache hapa na Kufuli, naye akae mbali kidogo. Nina maneno na huyu mtu."

Kaa akawaongoza wageni wake juu, akaenda kwa hatua za Mwalimu. Kila alipofika kwenye kona alisikia sauti ya Bibi ikipanda nyuma yake mwambani, mara kali, mara ndogo kabisa kama ya msichana. "Mia na kumi, wewe!" ilisema. "Na mimi nikawaambia majirani!" Halafu kicheko, kirefu, na baada yake kimya ambacho Kaa hakugeuka kukitazama.