Maoni ya Mama kuhusu Jeshi la Taa Tatu

Kazi yangu ni kushona mapazia, na mapazia yana raha yake: mshono ni mrefu, umenyooka, mguu unakanyaga na mkono unasukuma, akili inabaki huru kuhangaika na mambo yake. Mambo yangu ni vitabu. Nimo katika kundi la wasomaji kwenye simu, ambamo hakuna anayemjua mwenzake kwa jina wala kwa sura. Tunajuana kwa majina ya utani tu, na tunagombana utadhani tumezaliwa nyumba moja.

Wakati huo tulikuwa tunasoma Jeshi la Taa Tatu. Kama hujakisoma, ngoja nikupe kwa ufupi, maana chenyewe ni kinene kama tofali. Miji miwili inaabudu mungu mmoja. Mji wa juu unasema taa zake ni tatu. Mji wa chini unasema ni mbili, hiyo ya tatu ni kivuli. Basi, hilo tu! Kwa ajili ya hilo watu wanachinjana tangu ukurasa wa kwanza, visima vinatiwa sumu, makuhani wanabariki mapanga, na kila anayeua anaua huku ananong'ona sala. Katikati ya balaa hilo wapo ndugu wawili wa tumbo moja. Mmoja amevuka akahamia mji wa chini na kuikana taa ya tatu. Mwenzake ni mlinzi wa lango la mji wa juu. Katika sura ya mwisho yule aliyevuka anarudi, anasimama nje ya lango bila silaha. Mlinzi anamwona kwenye kitundu, anamtambua, na hafungui. Kunakucha, nje hakuna mtu. Kitabu kimeisha.

Lo, kundi liliwaka! Mwalimu wa Hesabu, ambaye huwa anaandika kama anasahihisha madaftari, alisema mlinzi alifanya sawasawa kabisa, lango la vita halifunguliwi kwa sababu ya sura ya mtu. Bi Mkunjo alisema amekivurumisha kitabu ukutani na sasa rangi imebanduka, mwenye nyumba akiuliza atamwambia nini. Kuna mmoja tunamwita Sura ya Kwanza, kwa kuwa hajawahi kuvuka sura ya kwanza ya kitabu chochote tangu tumfahamu. Yeye alilalamika kwamba tunamharibia utamu. Mimi mdomo wangu hauna breki, niliandika kwamba mlinzi huyo ni mbwa, na kwamba mbwa wanisamehe.

Ndipo akatokea mtu anayejiita Mpita Njia, ambaye kwa kawaida husoma tu na kunyamaza. Akaandika hivi: "Mimi niliingia kwa mlango wa jikoni, kwa hiyo tangu mwanzo nilijua hafungui. Nikakisoma chote nikiomba iwe nimesoma vibaya."

Wenzangu wakamcheka. Mlango wa jikoni upi tena, mbona kitabu kizima hakuna jiko? Bi Mkunjo akauliza kama kuna toleo jingine lenye mapishi.

Mimi mguu uliniganda juu ya kanyagio la cherehani.

Mama yetu shule hakwenda mbali, na vitabu anavipenda kufa. Kwa hiyo tangu utoto tulimsomea sisi, kwa zamu, mimi na mdogo wangu wa kike. Mdogo wangu ndiye kitinda mimba, na nyumbani tulimwita Kitinda, jina lake la kwenye vyeti likasahaulika. Kila kitabu kipya kikiingia, Mama anatoa amri ile ile: ukurasa wa mwisho kwanza. "Mgeni wa sebuleni anapewa chai na uongo," alikuwa akisema. "Mimi nipitisheni mlango wa jikoni, nione wenye sufuria wanapika nini." Likawa neno la nyumba yetu. Ukitaka kujua kama Kitinda ameusoma mwisho wa kitabu kabla yangu, unamuuliza umepita wapi, naye anacheka. Sijawahi kumsikia binadamu mwingine akilisema, na nimekaa na watu wengi.

Kitinda aliondoka kwetu kwa sababu ya ndoa. Alimpenda mtu wa dini nyingine, na hakumpenda kijuujuu, akaifuata na dini yake. Baba alikuwa mtu wa safu ya mbele, mtu ambaye wenzake wa ibada walikuja kumuuliza mambo. Alisimama mlangoni akasema aliyetoka katika imani ametoka na katika nyumba, na jina lake lisitajwe. Kitinda akachukua mfuko mmoja. Mimi nililia, nikapiga kelele, nikamwambia Baba maneno ambayo binti hamwambii baba yake, haikusaidia kitu. Baadaye nyumba ile ikauzwa tukahama, namba ya Kitinda ikawa haipatikani, na Baba akafariki na kauli yake kifuani. Kila niliyemuuliza habari za Kitinda aliniambia nadhani yupo mahali fulani. Nadhani! Mtu anaishi vipi kwa nadhani?

Na tangu siku ile Mama hataki mwisho wa kitabu. Yule yule wa mlango wa jikoni. Ninamsomea hapa kazini, yeye ameketi kwenye kiti chake karibu na meza ya kukatia akitia vikulabu kwenye mapazia yaliyokwisha, na tukikaribia sura ya mwisho ananyoosha kiganja. "Ishia hapo hapo." Hata Taa Tatu nilimsomea hivyo hivyo, tukaacha kabla hatujafika langoni. Sikumuuliza kwa nini. Nilijua kwa nini.

Sasa nifanye nini? Nimwandikie mtu hadharani, wewe ni mdogo wangu? Kama si yeye, nimejiaibisha. Kama ni yeye akashtuka akatoka kwenye kundi, nimempoteza mara ya pili, na hiyo ya pili nisingeiweza. Nikamtumia ujumbe wa faragha, haukupokelewa, ameufunga mlango huo. Ikabidi nipite njia ya kitabu.

Nikaandika: "Swali kwa Mpita Njia. Unadhani yule ndugu wa nje kwa nini hakuita? Angeita jina la mwenzake mara moja tu."

Nikakaa nikiitazama simu. Mteja akaja kuchukua pazia la chumba cha watoto, nikampa la ofisi ya daktari, tukarudishiana. Jibu likaja mchana.

"Hakuogopa mapanga," aliandika Mpita Njia. "Aliogopa kuulizwa amerudi na taa ngapi. Mwandishi amekosea hapo, anadhani mtu hurudi kwao vita vikiisha. Mtu hurudi akijua hataulizwa."

Jamani. Niliyasoma maneno hayo mpaka nikayajua kama sala. Nikajibu: "Mimi ningekuwa mlinzi nisingeuliza."

Mwalimu wa Hesabu akaingia katikati, hana simile yule, akasema mlinzi asiyeuliza si mlinzi, na kwamba tumeacha hoja tunaendekeza hisia. Nilitamani kumrushia mkasi. Mpita Njia akaandika neno moja tu: "Labda." Kisha kimya. Kimya siku hiyo, kimya na iliyofuata, na mimi kila simu ikilia naidaka, kumbe mtu anauliza bei ya nailoni.

"Wewe," Mama akasema, "unashona nini?"

"Pazia, Mama."

"Unashona hewa. Uzi umekatika zamani."

Nikatazama. Kweli, mshono wote ulikuwa vitundu vitupu, pazia refu la ukumbi lililotobolewa kutoka juu hadi chini bila uzi hata kidogo. Nikaanza kucheka, kicheko kikageuka kilio, na nilipoanza kulia sikuweza kujizuia. Mama akaweka vikulabu vyake chini.

Nilikuwa nimejiapiza kutomwambia mpaka niwe na hakika. Kumtia mama matumaini halafu yakawa si kweli, hiyo ni dhambi. Lakini nikamwambia. Nikamsomea lile la mlango wa jikoni, nikamsomea la taa ngapi, nikamsomea na hilo "labda".

 Alijifuta mikono kwenye kanga, mikono mikavu kabisa, akajifuta tena.

"Nisomee sura ya mwisho," akasema.

"Mama, ni mbaya."

"Nimekuuliza kama ni mbaya?"

Nikaisoma. Niliisoma yote, mpaka kunakucha na nje hakuna mtu. Nilipofunga kitabu Mama alikuwa ameukaza mdomo kama mtu anayeshikilia pini kwa meno.

"Mama yao yuko wapi?" akauliza.

"Nani?"

"Mama wa hao wawili. Kitabu kinene vile, makuhani tumeletewa, majenerali tumeletewa, hata farasi wana majina. Tumbo moja, tumbo moja, kila sura tumbo moja. Mwenye tumbo yuko wapi? Amekufa?"

Nikafikiri. "Hatajwi, Mama."

"Hatajwi!" Akapiga meza ya kukatia, chaki zikaruka. "Huyo mwandishi ni mwanamume?"

"Ni mwanamke."

"Basi hana haya. Chukua simu. Andika maoni yangu."

"Mama, kundi lile..."

"Andika!"

Nikaandika, neno kwa neno, kama alivyosema, na hivi ndivyo kundi lilivyosoma: "Mimi ni mama wa huyu anayewaandikia kila siku. Nimesomewa kitabu hiki, ni kibaya. Mama wa hao ndugu yupo, hajafa, mwandishi hakwenda kumtafuta. Yupo ndani ya mji wa juu, magoti yanamuuma, na hakuna aliyemwambia kwamba mwanawe amesimama nje. Angeambiwa angekuja mwenyewe langoni, na huyo mlinzi na huyo kuhani na mume wake pia wangempisha. Hesabu ya taa haijui na haimhusu. Alinyamaza wakati wa kusema, hilo analijua, na linamla. Mwambieni huyo mtoto asiondoke kabla hakujakucha."

"Hayo tu?" nikauliza. Sikuwa naona maandishi vizuri.

"Weka na namba ya simu."

"Mama! Kundi lina watu mia, kuna matapeli humo!"

"Mimi nina nini cha kutapeliwa? Weka."

Nikaweka. Nikabonyeza, likaenda, na tukabaki tunatazamana juu ya lile pazia lenye vitundu.

 Kisha simu ikalia, nikairukia nusura niivunje. Alikuwa Sura ya Kwanza. Sauti nyembamba, adabu nyingi, akasema shikamoo zake zimfikie Mama, maoni yake yamemgusa sana, na je, ni kweli huko mwisho kuna lango? Nikamwambia asome kitabu, nikakata. Akapiga Bi Mkunjo, analia hata haelezeki. Akapiga hata Mwalimu wa Hesabu, kumbe ni mzee wa watu. Akakohoa, akasema amelifikiria upya suala la lango, na kwa heshima zote za Mama anaondoa hoja yake. Kila simu Mama ananyanyua kichwa, na kila nikitikisa changu anarudi kwenye vikulabu, taratibu zaidi ya mwanzo. Mwishowe akaacha kunyanyua kichwa. Nikamchukia Mpita Njia kwa moyo wangu wote, na nikamwomba Mungu, mwenye taa zozote zile, awe ni yeye.

Jua lilikuwa limeshahama kutoka kwenye meza nilipoanza kukusanya vitambaa ili tufunge. Simu ikalia tena. Namba ngeni. Nikapokea nikaweka sauti ya nje, mikono imejaa.

"Halo?"

Kimya.

"Halo, nani mwenzangu? Kama ni mambo ya kitabu, leo tumechoka."

Kimya. Lakini kulikuwa na mtu, anapumua, pumzi inapanda kwa shida na kushuka na kijisauti chembamba. Nikafungua mdomo niulize tena, na Mama akainuka kwenye kiti, magoti na yote, akaninyang'anya simu. Akaibana sikioni ingawa ilisikika chumba kizima. Akasikiliza zile pumzi. Sijawahi kumwona mtu akisikiliza hivyo.

"Mbona kifua kinakoroma?" akasema. "Bado unalala chini? Nilikwambia baridi ya sakafu itakuua."

Pumzi zikasimama. Halafu ikatoka sauti, nzito kuliko niliyoizoea, ya mwanamke mzima: "Nina kitanda siku hizi, Mama."

Nikakaa chini palepale, juu ya vitambaa. Mama alikuwa ameshika ukingo wa meza, machozi yanamtiririka, na sauti yake haikutetereka hata kidogo, ilikuwa ile ile ya kutugombeza asubuhi tukichelewa shule.

"Vizuri. Unakuja lini?"

"Mama, mimi sasa... watoto nimewalea kwa dini ya baba yao, na yeye mwenyewe asipo—"

"Wee, hebu nyamaza," Mama akasema. "Nimekuuliza lini. Sijakuuliza na nani."