Cha Miguuni

Fundi cherehani aliingia karakana ya seremala, futi yake ya kupimia ikining'inia shingoni, mtandio ameushusha mpaka kwenye jicho la kushoto. Jicho lenyewe lilikuwa limevimba hata kope hazionekani.

"Fundi mwenzangu," akasema seremala, mzee mwenye vumbi la mbao mpaka kwenye nyusi, "leo umekuja kunipima suruali?"

"Nataka kitu cha kuweka miguuni pa kitanda."

Akaonyeshwa stuli mbili, kasha la nguo, na benchi. Benchi lilikuwa la mbao ngumu, zito, viungo vimeumana bila msumari hata mmoja. Mwanamke akavua futi, akalipima, akatia alama kwa ukucha kwenye ubao.

"Likatwe hapa."

"Hapo litapungua upana wa kitanda, wageni watakucheka. Kipimo hiki umekitoa wapi?"

"Kitanda mpaka mlango."

Seremala akalitazama lile jicho, akaelewa. Mlango wa chumba ulifunguka kwa ndani, na kitasa mumewe alishaking'oa kwa teke. Benchi likilazwa kwa urefu, ukuta ungeshika kitanda, kitanda kingeshika benchi, benchi lingeshika mlango. Likizidi, haliingii. Likipungua, patabaki nafasi ya mkono kupenya, na mkono ule mwanamke aliujua. Siku moja uliukunja wake mpaka ukalia kama ukuni. Alisema, "Umevunjika, mume wangu," na mume hakuacha.

"Nani kakutuma kuchagua?"

Mume alikuwa mlangoni pa karakana. Watu walimwita Nyundo, kwa kuwa machinjioni alimwangusha fahali kwa pigo moja la utosini. Akaingia na viatu vyake vyenye madoa.

"Natafuta cha miguuni," mke akajibu.

"Cha miguuni hupimwa kwa mguu," akasema Nyundo, akacheka peke yake.

Akaipiga teke stuli ya kwanza. Ikaruka hadi ukutani, miguu yake ikabaki njiani. Ya pili akaikanyaga ikalala. Kasha lilistahimili teke moja; la pili likalipasua ubavu.

"Bwana, vitu hivyo vina wenyewe," akasema seremala.

"Na wewe una mwenyewe?" Nyundo akamkwida kola, akamsukumia kwenye rundo la mbao. Damu ikamshuka mzee kutoka kwenye paji, ikachora njia katika vumbi.

Kisha akaligeukia benchi, akalitandika kwa nguvu zote. Likanguruma, likabaki palepale. Nyundo akarudi nyuma akichechemea.

"Hili dume," akasema. "Lipelekwe nyumbani."

Kofi likamfikia mkewe kabla hajajua kwamba ametabasamu.

Asubuhi yake seremala alilileta, kitambaa kimefungwa kichwani. Alikuwa amelikata pale pale pa ukucha. Hakungoja shukrani.

Machinjioni mchana ule walimcheka Nyundo. Ati nyundo imepigwa na ubao. Akaondoka na mguu wake uliovimba, akarudi nyumbani kutafuta wa kumlipia kicheko kile. Mke, akiwa chumbani, alisikia sufuria ikigonga ukuta wa jikoni, halafu kabati likianguka na vyombo vyake. Akarudisha mlango, akaligeuza benchi, akalishusha kati ya kitanda na mlango. Likaingia kama kifungo kwenye tundu lake. Akalikalia.

"Toka! Leo nakuchuna mzima!"

Hakutoka. Teke la kwanza likampanda uti wa mgongo. La pili likaangusha plasta juu ya fremu. Nyundo alipiga akitukana, akapiga akihema, akapiga kama mtu anayepigana na aliyemdharau mbele za watu, na kwa mguu uleule, maana hakuwa mtu wa kubadilisha kitu. Ubao wa mlango ukapasuka, benchi halikutikisika.

Kisha kitu kikalia, kikavu, kama ukuni.

Mwanamke akainama, akapapasa benchi kutoka ncha hadi ncha. Halikuwa na ufa.

"Fungua," sauti ikasema kutoka chini, sakafuni. Ilikuwa ndogo. "Mguu. Umevunjika, mke wangu."

"Nami nilisema hivyo," akajibu, "siku ile ya mkono."

Akabaki ameketi.